Nyota za Giza na Wasee wa Ngomeni

Stima ilipotea Kikambala nzima, simu zikazima moja moja, mbogi ikabaki bichi na viazi karai vimepoa. Beshte yangu akainua kichwa: "Manze, kumbe nyota ni mob hivi?" Nikamwambia mwanangu, hizo ni za kawaida. Kuna zingine zinanikosesha usingizi, zinaitwa nyota za giza.

Jina linachocha. Hizi vitu, kama ziko, zinaweza kuwaka kushinda jua mara bilioni. Giza ni mafuta tu. Jua letu linaunguza haidrojeni. Nyota ya giza inapashwa moto na maada ya giza, ile kitu hakuna msee ameiona, na bado ina uzito kama mara tano ya maada ya kawaida yote. Chembe zake zikikutana zinamalizana, joto linatoka, gesi inafura kama hamri kwa karai. Wala haihitajiki nyingi, hata sehemu moja kwa elfu ya uzito wa nyota inatosha. Na juu ngozi yake si moto sana, haifukuzi gesi ya karibu. Inameza tu, hadi uzito wa majua milioni. Mafuta yakikata, inajiangukia, inabaki shimo jeusi.

Walioleta hii stori ni wanafizikia Katherine Freese, Douglas Spolyar na Paolo Gondolo, 2008. Halafu 2023 Freese na wenzake wakasema darubini ya James Webb imenasa tatu zinazofanana nazo, za enzi ulimwengu haujafikisha miaka milioni 400. Wabishi wanasema hizo ni galaksi tu. Mimi naona wabishi wako na pointi, lakini roho yangu iko na Freese.

Sasa rada ya kwetu. Webb ilipaa Krisi ya 2021, saa tisa na dakika 20 alasiri, sisi tuko hapa mchangani tunapiga luku. Kituo cha anga cha Malindi kilikuwa kati ya masikio ya kwanza kuisikia huko juu. Na kitambo kabisa, Jamhuri Dei ya 1970, satelaiti inaitwa Uhuru ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini hapo Ngomeni. Ikaona gesi kwenye makundi ya galaksi, moto balaa, ingekuwa imehepa zamani kama hakuna uzito usioonekana unaishika. Maada ya giza hiyo hiyo.

Na Ngomeni si mbali. Panda mat ya Malindi hapo Majengo, ukishuka uliza gari ya Ngomeni. Majukwaa bado yamesimama majini.