Je, Wajua? Kalamu na Dola Nchini Indonesia

Je, wajua kwamba riwaya ambazo wanafunzi wa Indonesia husomeshwa kama msingi wa fasihi yao zilichapishwa na ofisi ya mkoloni? Waholanzi waliunda kamati ya kusimamia usomaji wa wenyeji mwaka 1908, na mwaka 1917 ikawa shirika la Balai Pustaka. Vitabu vilikuwa vya bei nafuu, ila kila mswada ulipitia kwenye chujio. Abdul Muis ilimbidi aiandike upya Salah Asuhan kabla haijatoka mwaka 1928, kwa sababu wakaguzi hawakupenda jinsi alivyowachora Wazungu.

Mwaka huohuo, Oktoba 28, vijana waliokutana Batavia (Jakarta ya leo) waliapa kuwa na nchi moja, taifa moja na lugha moja ya kuwaunganisha. Aliyekiandika kiapo hicho, Muhammad Yamin, alikuwa mshairi.

Je, wajua kuwa serikali tatu zilimfunga mwandishi mmoja? Waholanzi walimfunga Pramoedya Ananta Toer kuanzia 1947 hadi 1949. Serikali ya Sukarno, rais wa kwanza wa Indonesia, ikamfunga mwaka 1960 kwa kitabu alichoandika kuwatetea Waindonesia wenye asili ya China. Kisha, jeshi chini ya Jenerali Suharto lilipokuwa likitwaa madaraka, wanajeshi walimchukua nyumbani kwake Jakarta usiku wa Oktoba 13, 1965. Walimpiga kwa kitako cha bunduki hadi usikivu wake ukaharibika, na maktaba yake na miswada yake ikateketezwa. Alikaa kizuizini miaka 14, na hakuna mahakama iliyowahi kumsikiliza.

Kwa miaka 10 kati ya hiyo alikuwa kisiwani Buru, pamoja na maelfu ya wafungwa wengine wa kisiasa waliolimishwa mashamba. Mwanzoni hakuruhusiwa kuandika. Basi akawa anawasimulia wenzake hadithi ya Minke, kijana wa Kijava anayesoma shule ya Waholanzi mjini Surabaya, na ya Nyai Ontosoroh, mwanamke aliyeuzwa na baba yake kwa Mholanzi. Aliporuhusiwa kuandika, wafungwa wenzake walimfanyia kazi zake za shamba ili apate nafasi. Nathubutu kusema vitabu vinne vilivyotokana na hadithi hizo ni vya kwao pia.

Bumi Manusia, cha kwanza kati ya hivyo, kilitoka mwaka 1980. Mei 1981 Mwanasheria Mkuu akakipiga marufuku kwa madai ya kueneza Umaksi. Max Lane, aliyekitafsiri kwa Kiingereza, alikuwa ofisa wa ubalozi wa Australia mjini Jakarta, naye akarudishwa kwao. Vijana watatu wa Yogyakarta waliokamatwa wakiwa na maandishi ya Pramoedya walifungwa miaka 7 na zaidi.

Usidhani Pramoedya hakuwahi kuwa upande wa wenye nguvu. Mwaka 1964 Sukarno alipiga marufuku Manifes Kebudayaan, tamko la waandishi waliokataa sanaa kuwekwa chini ya siasa. Pramoedya alikuwa miongoni mwa waliowashambulia waandishi hao magazetini. Mwandishi wa habari na wa riwaya Mochtar Lubis, aliyezuiliwa enzi za Sukarno, aliona riwaya yake ya Senja di Jakarta ikitoka kwanza kwa Kiingereza mwaka 1963. Pramoedya alipopewa Tuzo ya Magsaysay, ya watu wa Asia, mwaka 1995, Lubis alirudisha ile aliyokuwa amepewa yeye ili kupinga. Wote wawili walionja jela, lakini hawakupatana.

Je, wajua kwamba Hamka, mwanazuoni na mtunzi wa riwaya, aliandika sehemu kubwa ya tafsiri yake ya Kurani akiwa kizuizini kuanzia 1964? Aliyemweka ndani alikuwa Sukarno. Sukarno alipofariki Juni 1970, Hamka ndiye aliyeswalisha jeneza lake.

Mwaka 1970 mhariri H.B. Jassin alipewa kifungo cha nje kwa hadithi iliyowaudhi Waislamu. Alikuwa amekataa kutaja jina halisi la mwandishi. Mwaka 1978 mshairi Rendra alikuwa akisoma mashairi Jakarta pale mabomu ya amonia yaliporushwa jukwaani, na akakamatwa yeye. Seno Gumira Ajidarma aliondolewa kwenye uhariri baada ya jarida lake kuripoti mauaji ya Novemba 1991 mjini Dili, Timor ya Mashariki, akayaandika upya kama hadithi fupi.

Na je, wajua kwamba amri ya mwaka 1963, iliyompa Mwanasheria Mkuu uwezo wa kupiga marufuku kitabu bila kesi, ilifutwa na Mahakama ya Katiba Oktoba 13, 2010? Ilikuwa miaka 45 kamili tangu Pramoedya achukuliwe, naye alishafariki mwaka 2006.

Wiji Thukul, mshairi wa mji wa Solo na mtoto wa dereva wa becak, baiskeli ya abiria, alitoweka mwaka 1998, mwaka Suharto alipoanguka. Januari 2023 Rais Joko Widodo alikiri kwamba utekaji wa wanaharakati wa miaka ile ulikuwa ukiukaji mkubwa wa haki za binadamu. Mkewe Thukul alifariki mwezi huohuo, bila kuambiwa mumewe alipelekwa wapi.