Vijana wa Indonesia: Kijiwe, Kahawa na Mitumba

Sensa ya mwaka 2020 iliwahesabu Waindonesia milioni 270, na karibu asilimia 28 kati yao walizaliwa kati ya 1997 na 2012. Umma mkubwa kiasi hicho hauwezi kuwa na mtindo mmoja wa maisha: kijana wa Aceh, jimbo linalotumia sheria za Kiislamu, haishi kama mwenzake wa Bali. Lakini desturi moja inawaunganisha wengi wao, nayo ni nongkrong, yaani kukaa kijiweni na wenzako kwa saa nyingi bila shughuli maalumu.

Kwa asili nongkrong hufanyika kwenye vibanda vya kahawa au, huko Yogyakarta, kando ya angkringan, mikokoteni inayouza vifurushi vidogo vya wali hadi usiku wa manane. Mteja hununua kidogo na kukaa sana. Biashara mpya za kahawa zilijengwa juu ya mazoea hayo hayo. Mkahawa wa Tuku, uliofunguliwa kusini mwa Jakarta mwaka 2015, ulijipatia jina kwa kahawa baridi ya maziwa yenye gula aren, sukari ya kahawia inayopikwa kwa utomvu wa mti ulio ndugu wa mnazi. Kampuni ya Kopi Kenangan ilianza mwaka 2017, na kufikia mwisho wa 2021 thamani yake ilikadiriwa kuzidi dola bilioni 1. Nchi ambayo ni miongoni mwa wazalishaji wakubwa wa kahawa duniani ikaanza kuuziana kahawa yake kama kitu kipya.

Lakini si kila kijana anamudu mkahawa. Katikati ya mwaka 2022, vijana wa Citayam, Bojonggede na Depok, vitongoji vilivyo kusini mwa Jakarta, walianza kujazana Dukuh Atas, eneo la vituo vya treni lililozungukwa na maghorofa ya ofisi. Nauli ya treni ya abiria ilikuwa rupia 3,000 tu kwa kilomita 25 za mwanzo, na kukaa kando ya barabara hakulipiwi. Walivaa nguo za bei ndogo walizozioanisha kwa ujasiri, wakageuza kivuko cha waenda kwa miguu kuwa jukwaa la maonyesho ya mavazi, na wakarekodiana video za TikTok. Watu wakayaita Citayam Fashion Week. Kampuni ya mwigizaji Baim Wong iliomba kulisajili jina hilo kama chapa ya biashara. Ilipolaumiwa kwamba inapora jasho la watoto wa wanyonge, ikaliondoa ombi. Haukupita muda, mamlaka zikakizuia kivuko kwa sababu ya msongamano. Mtindo wote uliishi wiki chache, ila ulionyesha wazi jinsi jiji hilo lilivyo na uhaba wa mahali pa bure pa kijana kukaa.

Mavazi yenyewe yana mvutano ambao msomaji wa Afrika Mashariki ataufahamu mara moja. Vijana wengi hupenda mitumba, inayouzwa katika masoko kama Pasar Senen la Jakarta na Gedebage la Bandung, ingawa kuiingiza nchini kumepigwa marufuku. Machi 2023 serikali ilichoma moto marobota iliyoyakamata, ikisema inalinda viwanda vya nguo vya ndani. Upande wa pili wako mashabiki wa chapa za nyumbani, hasa za Bandung, mji ambao tangu miaka ya 1990 una maduka madogo ya vijana wanaojitengenezea fulana na kuziuza wenyewe.

Katika muziki, K-pop ina wafuasi wengi mno, lakini haikuufuta muziki wa lugha za kienyeji. Mwaka 2019 Didi Kempot, aliyeimba kwa Kijava na kukaribia miaka 53, aligeuka ghafla kipenzi cha vijana walioachwa na wapenzi wao. Walijaza viwanja na kulia naye. Alifariki Mei 2020.

Mizaha ya mitandaoni nayo huingia katika siasa. Mwanzoni mwa 2025 vijana walisambaza alama ya reli ya #KaburAjaDulu, wito wa kuikimbia nchi kwanza, kwa hasira za kukosa ajira. Agosti, kuelekea miaka 80 ya uhuru, wengi walipandisha bendera ya maharamia wa One Piece, katuni ya Kijapani kuhusu mabaharia wanaopambana na watawala dhalimu, na baadhi ya viongozi wakaiita uchochezi.