Namba, Msimbo au Ufunguo? Istilahi za Kuamilisha Michezo ya Kompyuta

Nia ya makala haya ni kuchunguza istilahi za jambo moja ambalo wafasiri wamekuwa wakilitaja kila mmoja kwa namna yake: jinsi mnunuzi wa mchezo wa kompyuta anavyopata mfululizo wa herufi na tarakimu, na jinsi anavyoutumia ili aruhusiwe kucheza. Huenda msomaji akaona kwamba hili ni jambo la watoto na vijana tu. Sivyo. Ndani yake mna fedha, mna mkataba na mna haki ya mnunuzi. Mfasiri anayechagua neno lisilofaa aweza kumfanya mwananchi aamini kwamba amenunua kitu ambacho kwa kweli hakukinunua. Aidha, utaratibu huu ndio unaotumika katika programu nyingi za ofisini, hivyo istilahi zitakazofaa kwa mchezo zitamfaa pia karani na mwalimu.

1. Dhana yenyewe

Kabla ya kutafuta jina, yafaa kwanza kukijua kitu kinachotafutiwa jina. Watengenezaji wa michezo walitaka tangu mwanzo kuhakikisha kwamba anayecheza ndiye aliyelipa. Mchezo wa The Secret of Monkey Island, uliotolewa mwaka 1990, uliuzwa pamoja na gurudumu la karatasi lenye sura za maharamia. Kioo cha kompyuta kilionyesha sura. Mchezaji akazungusha gurudumu mpaka akaipata sura ile ile, kisha akasoma mwaka ulioandikwa hapo na kuuandika kwenye kompyuta. Asiye na gurudumu hakuweza kuendelea.

Baadaye ikaja namba iliyochapwa kwenye kasha la diski. Katika michezo mingi ya miaka ya 1990 programu yenyewe iliikagua namba hiyo kwa hesabu, pasipo kuwasiliana na kampuni. Matokeo yake, namba moja sahihi iliweza kupitishwa mkono kwa mkono na kutumiwa na watu wengi.

Intaneti ilibadili hali hiyo. Kampuni ya Valve ya Marekani ilianzisha huduma ya Steam mwezi Septemba 2003. Mchezo wake wa Half-Life 2 ulipotoka mwezi Novemba 2004, hata aliyenunua diski dukani alilazimika kujiandikisha katika huduma hiyo kabla ya kucheza. Tangu hapo namba hailinganishwi na hesabu iliyomo katika diski, bali na orodha iliyo katika kompyuta za kampuni. Ikionekana katika orodha kuwa namba ni halali na haijatumika, mchezo huandikwa katika akaunti ya mtumiaji, na namba hiyo huwa imekwisha kazi.

Kwa hiyo tuna vitu vinne, na hatuna budi kuvitenganisha: namba anayopewa mnunuzi, akaunti inayopokea, ruhusa inayopatikana, na programu yenyewe inayopakuliwa. Makosa mengi ya tafsiri hutokana na kuvichanganya vitu hivi.

2. Jina la kitu

Majina yanayoshindana ni 'kodi', 'ufunguo', 'nywila', 'msimbo' na 'namba'.

'Kodi' ni utohozi mwepesi kutamka, lakini una kasoro kubwa. Neno hilo lina wenyewe tayari: kodi ya mapato, kodi ya nyumba. Ofisa atakayesoma maneno 'kodi ya mchezo' atadhani kuna malipo ya serikali. Ni kweli kwamba Tanzania hutumia 'postikodi' bila matata, lakini hapo utohozi umeunganishwa na 'posti' ukawa neno moja lisiloweza kukosewa. Likisimama peke yake, 'kodi' hupotosha.

'Ufunguo' ni tafsiri ya sisisi ya tamathali ya Kiingereza. Lakini ufunguo hufungua mlango kila siku, na mwenyewe aweza kumwazima jirani. Mfululizo huu hutumika mara moja tu. Kwa tabia yake unafanana zaidi na tikiti iliyokwisha kukatwa mlangoni.

'Nywila', ambayo wengi huiita 'neno la siri', ni kitu kingine kabisa. Hiyo huchaguliwa na mtumiaji, huitumia kila anapoingia, na aweza kuibadili apendapo.

Yabaki 'msimbo' na 'namba'. 'Msimbo' ni istilahi iliyokwisha kuzoeleka katika maandishi ya kompyuta, nayo inabeba herufi na tarakimu kwa pamoja. 'Namba' ni neno la watu. Aliyekwangua vocha ya simu hujua kwamba kilicho chini ya ule utando ni namba ya kuingiza. Pingamizi moja ni kwamba mfululizo wa michezo una herufi pia. Pingamizi hili si zito, kwani namba za magari nazo zina herufi wala hakuna anayetatizika. Hivyo twapendekeza 'msimbo wa kuamilisha' kwa mikataba, vitabu na nyaraka, na 'namba ya kuamilisha' kwa maelekezo yanayosomwa na mnunuzi wa kawaida. Muradi mfasiri asiyachanganye yote mawili katika maandishi mamoja.

3. Jina la kitendo

Hapa pana vitendo viwili. Cha kwanza ni cha mfumo, yaani kuifanya ruhusa ianze kufanya kazi. Wengine husema 'kuwasha', lakini kuwasha ni kwa taa na mashine. Wengine husema 'kuanzisha', lakini mchezo huanzishwa kila siku unapochezwa. 'Kuamilisha' ndilo linalofaa. Limo katika ukoo mmoja na 'amali' na 'amilifu', na laweza kunyambulika bila taabu: amilisha, amilishwa, amilika, uamilishaji.

Kitendo cha pili ni cha mtu, yaani kuitoa namba yake ili apewe mchezo. Wafasiri kadhaa huandika 'komboa namba yako', kwa kuwa neno la Kiingereza linalotumika hapo laweza pia kuwa na maana ya kukomboa. Twaona neno hili halifai. Katika Kiswahili kukomboa ni kulipa ili urudishiwe kilicho chako, kama shamba lililowekwa rehani. Lakini mwenye namba amekwisha kulipa, hadaiwi kitu. Akielezwa kwamba namba 'hukombolewa', itakuwa rahisi kwa tapeli kumwambia kwamba iko ada ya pili ya ukombozi. Lugha ya vocha imekwisha kutupa neno safi: 'kuingiza namba'. Yatosha.

Papo hapo ipambanuliwe 'namba ya mchezo' na 'namba ya salio'. Ya kwanza huleta mchezo mmoja uliotajwa. Ya pili, ambayo hutoka katika kadi ya zawadi, huongeza fedha katika akaunti, na mwenyewe hununua apendacho.

4. Kununua au kukata leseni?

Swali hili ndilo lenye uzito kuliko yote. Mchezo wa magari uitwao The Crew, uliotolewa na kampuni ya Ubisoft mwaka 2014, ulizimwa tarehe 31 Machi 2024, na waliolipa hawakuweza tena kuucheza. Wengi wao waliona ajabu, kwa sababu kitufe walichobonyeza kilikuwa kimeandikwa 'nunua'. Katika jimbo la California huko Marekani, sheria iliyotiwa saini mwezi Septemba 2024 na kuanza kutumika tarehe 1 Januari 2025 inamkataza muuzaji wa bidhaa za kidijitali kutumia neno la kununua, ila awe amemweleza mteja wazi kwamba anachopata ni leseni. Bidhaa ambayo mteja aweza kuipakua na kubaki nayo daima pasipo kutegemea mtandao haihusiki. Basi bunge zima limekaa kujadili matumizi ya kitenzi kimoja. Hapana ushahidi mzuri kuliko huo wa kuonyesha kwamba istilahi si pambo.

Kiswahili kina bahati katika jambo hili. Sisi hatusemi kununua leseni. Husema 'kukata leseni'. Kila dereva na mfanyabiashara ajua kwamba leseni hulipiwa, ina masharti, na aliyeitoa aweza kuifuta. Hivyo 'leseni ya matumizi' itamfahamisha msomaji kwa neno moja yale ambayo mkataba huyaeleza kwa kurasa kadhaa.

Pia yahitajiwa kitenzi cha kuondoa uhalali, nacho ni 'kubatilisha'. Mwezi Januari 2015 kampuni hiyo hiyo ya Ubisoft ilibatilisha namba za mchezo wa Far Cry 4 zilizokuwa zimenunuliwa kwa njia ya ulaghai wa kadi za benki, kisha zikauzwa tena na wachuuzi wa mtandaoni. Wachezaji walijikuta wamepokonywa mchezo. Baadaye waliokuwa wamekwisha kuanza kuucheza wakarudishiwa. Funzo ni kwamba namba yaweza kuwa sahihi katika maandishi yake na bado ikawa batili.

5. Mapendekezo

(a) mchezo wa kompyuta: katika mazungumzo, gemu.
(b) msimbo (au namba) wa kuamilisha: mfululizo wa herufi na tarakimu unaotumika mara moja kupata leseni.
(c) kuingiza namba: kuiandika mahali pake katika akaunti.
(d) kuamilisha: kuifanya leseni ianze kufanya kazi.
(e) leseni ya matumizi: ruhusa yenye masharti ya kutumia programu.
(f) namba ya salio: namba inayoongeza fedha katika akaunti.
(g) namba yenye mipaka ya nchi: namba inayokubaliwa katika nchi zilizotajwa tu.
(h) kubatilisha: kuondoa uhalali wa namba au leseni.

Kwa mfano, maelekezo ya mnunuzi yaweza kuandikwa hivi: 'Tafuta namba ya kuamilisha ndani ya kasha, katika barua pepe ya risiti, au katika orodha ya manunuzi ya akaunti yako. Angalia kama ina mipaka ya nchi. Fungua akaunti utakayocheza nayo, kisha ingiza namba. Usichanganye herufi O na sifuri. Ukishaiamilisha, namba haitatumika tena wala haihamishiki. Usimwonyeshe mtu namba ambayo hujaitumia. Hakuna malipo mengine.'

Istilahi hizi ni mapendekezo, hazijasanifiwa. Wafasiri na walimu wanaombwa wazijaribu katika kazi zao na watuletee maoni, hasa kuhusu 'msimbo' na 'namba', kwani neno ambalo mnunuzi halielewi halimlindi, hata likiwa limeundwa kwa ustadi namna gani.