Asilimia 99.9 ya intaneti na mikataba asiyoiona mteja

KUKATIKA kwa kebo mbili za mawasiliano zilizo chini ya bahari, EASSy na Seacom, Mei 12, mwaka 2024, kuliwaacha watumiaji wa Tanzania na nchi kadhaa jirani wakihangaika na intaneti dhaifu.

Ofisi nyingi hununua huduma hiyo kwa mkataba unaotaja kiwango cha upatikanaji. Asilimia zake hupendeza machoni. Huduma iliyoahidiwa kwa asilimia 99.9 inaruhusiwa kukosekana kwa takriban dakika 43 katika mwezi wa siku 30, wakati ile ya asilimia 99 inaruhusiwa kukosekana kwa saa saba na dakika 12.

Nyuma ya mkataba huo ipo mingine: makubaliano baina ya idara za kampuni inayouza huduma, na mikataba yake na wazabuni wanaomiliki kebo na mitambo. Mwongozo wa usimamizi wa huduma za teknolojia ya habari uitwao ITIL, ulioanzishwa na Serikali ya Uingereza miaka ya 1980, unataka yote ilingane.

Hapo ndipo penye utata. Kampuni ikimwahidi mteja kurekebisha hitilafu ndani ya saa nne, huku ikiwa imempa mzabuni wake saa nane, ahadi hiyo ina kasoro tangu siku ya kutiwa saini. Mteja hajui, kwa kuwa mkataba wa pili hauoni.

Kuwa na wazabuni wawili nako si kinga kamili. EASSy na Seacom ni kebo zinazojitegemea, lakini zote hupita pwani ya mashariki ya Afrika hadi Afrika Kusini, na siku hiyo zilikatika pamoja. Anayenunua njia ya akiba aulize inapita wapi, si inauzwa na nani tu.

Fidia nayo huwashangaza wengi. Kwa kawaida ni punguzo katika ankara ya mwezi, wala haigusi mauzo yaliyopotea. Tena kipo kifungu cha matukio yaliyo nje ya uwezo wa kampuni, ambacho kikiandikwa kwa mapana humeza hata kebo iliyokatika baharini.

Lipo pia suala dogo linalozua ugomvi mkubwa: muda wa hitilafu huanza kuhesabiwa intaneti inapokatika, au mteja anapopiga simu kulalamika? Mkataba usiotamka hilo humwachia mtoa huduma achague.