Bwana Boma: Émile Storms, Mpala na jina la Lusinga

Wasifu wa maafisa wa jeshi wa enzi ya Malkia Victoria una mpangilio wake wa kudumu: mahali pa kuzaliwa, kikosi, safari, nishani. Kwa Waingereza hata mikimbio ya kriketi huhesabiwa. Wabelgiji hawakuwa na kriketi, lakini mpangilio ni uleule. Émile Storms alizaliwa Wetteren mwaka 1846, akaingia jeshi la miguu, akatumwa Afrika na Jumuiya ya Kimataifa ya Afrika ya Mfalme Leopold II, akarudi, akapanda hadi cheo cha jenerali, akafariki mwaka 1918. Katika miaka 71 hiyo, inayotuhusu sisi wa ufukwe huu wa Ziwa Tanganyika ni kama miwili tu. Wasifu rasmi huipita miaka hiyo haraka. Majina yaliyobaki huku yanasema zaidi.

Storms alifika Karema, upande ambao leo ni Tanzania, mwaka 1882. Mwezi Mei 1883 alivuka ziwa na kuanzisha kituo Mpala, kusini mwa mji wetu wa Kalemie, katika nchi ya Watabwa. Alichanjiana damu na chifu Mpala, akajenga ngome, na watu wakamwita Bwana Boma.

Jina hilo linastahili kutazamwa kisarufi. Halina kiunganishi: si «bwana wa boma», bali nomino mbili zimewekwa bega kwa bega. Ndivyo Kiswahili kinavyounda majina ya kazi, kama bwana shamba na bwana afya. Bwana shamba hamiliki shamba lako. Anashughulika na mambo ya shamba. Kwa maoni yangu, waliomwita Storms Bwana Boma hawakuwa wakimpa nchi. Walikuwa wakitaja shughuli yake: huyu ni mtu wa ngome. Linganisha na Stanley, aliyeitwa Bula Matari kwa Kikongo, yaani mvunja mawe. Hilo limejengwa juu ya kitenzi, na baadaye likawa jina la serikali nzima. La Storms limejengwa juu ya ukuta, na halikuvuka mbali na ukuta huo. (Tusilichanganye na Boma, mji wa bandari kwenye mto Kongo, hiyo ni habari nyingine.)

Jirani yake mwenye nguvu alikuwa Lusinga lwa Ng'ombe, chifu aliyefanya biashara ya pembe na watumwa, mwenye wapiganaji wa bunduki. Mwingereza Joseph Thomson alikutana naye mwaka 1879 na kumweleza kwa maneno makali. Hatuna sababu ya kumfanya Lusinga malaika. Waliouzwa naye walikuwa na ndugu pia.

Lakini tazama «lwa». Ni kipatanishi cha ngeli ya lu-, ambayo kwa Kiswahili imebaki u-: tungesema «u... wa ng'ombe». Msikilizaji wa Kiswahili atafikiria mara moja usinga, ule wa kufukuzia nzi. Kufanana kwa sauti hakutoshi kuthibitisha maana, na swali hilo linahitaji kuulizwa kwa wazee wanaosema Kitabwa, si kwa kamusi ya pwani. Upatanisho wenyewe, hata hivyo, hauna shaka: jina hili lina sarufi kamili, na anayeliandika «Lusinga» peke yake amekata nusu yake.

Mwezi Desemba 1883 Storms aliandika katika shajara yake kwamba kichwa cha Lusinga huenda siku moja kikafika Bruxelles kikiwa na kibandiko kidogo, na kingependeza kwenye makumbusho. Iliandikwa kama mzaha. Tarehe 4 Desemba 1884 watu wake walikishambulia kijiji cha Lusinga, wakamuua na kumkata kichwa. Machifu wengine wawili walipatwa na hayohayo, na mafuvu matatu yakasafiri na Storms. Pamoja nayo ilikwenda sanamu ya mbao ya ukoo wa Lusinga. Mwaka 1886 daktari Émile Houzé alilieleza fuvu la Lusinga mbele ya Chama cha Antropolojia cha Bruxelles, akilipima ili kutafuta ndani yake tabia ya mtu.

Storms mwenyewe alikuwa ameondoka Mpala mwaka 1885. Baada ya Mkutano wa Berlin, Leopold alikiachia kituo Mapadri Weupe. Huko Ubelgiji afisa huyu akawa mshauri wa chama cha kupinga utumwa, kilekile kilichomtuma kapteni Jacques kuanzisha Albertville, yaani Kalemie. Kwa hiyo mji tunaosomea unaunganishwa naye kwa hatua moja tu, jambo ambalo sijawahi kulisikia likitajwa darasani.

Mjane wake aliikabidhi mikusanyo yake kwa makumbusho ya Tervuren. Sanamu ilibaki humo. Mafuvu yalihamishwa mwaka 1964 hadi Taasisi ya Kifalme ya Sayansi Asilia, Bruxelles, na umma ulianza kuyazungumzia kwa sauti mwaka 2018, baada ya uchunguzi wa mwanahabari Michel Bouffioux. Sanamu ya Storms mwenyewe, iliyosimama katika uwanja mmoja wa Bruxelles, iliondolewa mwaka 2022.

Anayeandika habari hii kwa Kiswahili hukutana na tatizo ambalo Kifaransa hakina. Fuvu huchukua li-: limehifadhiwa, limepimwa, limehamishwa. Lusinga huchukua a-. Kila sentensi inamlazimu mwandishi aamue kama anataja kitu au mtu, na daftari la makumbusho lilikwisha kuamua. Katika mjadala wa kurudisha, ningependa tuulize kwa kipatanishi cha pili: Lusinga lwa Ng'ombe atarudi lini, na atazikwa wapi?