Harusi Yetu Tuifanyeje?

Mavuno yakiisha, huku vijijini vigelegele vya harusi husikika kila wiki. Sisi sote tunapenda harusi. Tunakula, tunacheza, tunafurahi. Lakini kesho yake je? Ghala ni tupu, ng'ombe wameuzwa, na maharusi wanaanza maisha na deni.

Ndiyo maana vijana wengine wanasema, "Baba, mila nyingine tuziache. Mtu hujikuna ajipatapo." Wazee wanajibu, "Mwacha mila ni mtumwa." Nani anasema kweli? Hebu tulitazame jambo hili polepole.

Sheria inataka nini?

Tanzania Bara tunafuata Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971. Sheria hii haidai pilau, wala shela, wala ngoma. Inataka mwanamume na mwanamke wakubaliane kwa hiari yao. Inataka taarifa itolewe siku 21 kabla ya ndoa, na mashahidi wasipungue wawili. Kisha ndoa iandikishwe. Ndoa ya kimila nayo iandikishwe katika muda wa siku 30.

Na mahari? Wengi wetu hatujui jambo hili: ndoa iliyofuata sheria ni halali hata kama mahari haikulipwa.

Kwa hiyo mambo mengi ya harusi ni yetu wenyewe. Tunaweza kuyabadili. Lakini kabla ya kuacha mila, tuulize: ilikuwa na kazi gani?

Kila mila na kazi yake

Mahari ilikuwa shukrani, tena iliunganisha koo mbili. Shida huja mzazi anapomfanya binti yake mtaji. Badala ya ng'ombe wengi, koo zinaweza kupatana mbuzi mmoja, na blanketi la bibi. Shukrani imetolewa, na koo zimeungana.

Kumfunda mwali kulikuwa shule. Basi shule isifungwe. Somo na wazee wenye busara wawafunde bibi na bwana harusi pamoja: kutunza fedha, kupanga uzazi, kusikilizana. Na wote wawili waende zahanati kupima afya.

Karamu ilikuwa ya kuwajulisha majirani. Haikuwa ya kushindana. Tazama Wachaga na ndafu, yaani mbuzi mzima aliyebanikwa. Siku hizi katika harusi nyingi ndafu huletwa mbele ya wageni, ikakatwa kama keki. Hapo watu wamechukua desturi ya kigeni, wakaitia chakula chao.

Michango nayo ilikuwa ya kusaidiana. Leo mtu anapewa kadi, anachanga kwa kuona aibu tu. Kwa nini tusichange mbegu, kuku, au bati moja moja? Au tutoe siku mbili za kazi, tuwajengee maharusi nyumba. Chakula cha karamu kitaliwa siku moja. Nyumba itakaa miaka.

Wazee tusiwaruke

Tunawajua vijana wawili waliokwenda bomani kimyakimya. Walifuata sheria yote, na hawakukopa hata senti. Lakini hawakuwaambia wazazi. Mtoto alipozaliwa, bibi yake hakuja kumwona. Ikabidi shangazi na mjomba watumwe kuomba radhi, na kanga mbili mkononi. Bibi alilia, akampakata mjukuu. Kumbe hakutaka ng'ombe. Alitaka kuulizwa.

Basi tufanye hivi. Wazazi wa pande zote mbili wakae na vijana mapema. Sisi tunajua kusoma na kuandika, tuchukue daftari. Tugawe ukurasa mafungu matatu: tunayobakiza, tunayopunguza, tunayoacha. Mbele ya kila jambo tuandike gharama yake na nani atalipa. Jambo lisilo na mlipaji lifutwe hapo hapo, kabla mtu hajakimbilia kukopa.

Harusi ya namna hii haidharau mila. Inaondoa mzigo, inabakiza heshima.

Maswali ya kujadiliana

1. Mila gani ya harusi hapa kijijini ina faida mpaka leo?
2. Mila gani inatutia katika madeni?
3. Tuweke nini mahali pake?