Herufi Moja Katika Damu ya Mtoto

Baada ya darsa ya akina mama hapa Kiunga, alibaki nyuma mama mmoja ambaye sitamtaja jina. Mwanawe hajatimiza miaka miwili. Alikuwa ametoka kulazwa, mikono na miguu imevimba, na madaktari wamesema ana selimundu. "Sheikh," akaniambia, "mume wangu na mavyaa wanasema damu mbaya imetoka kwetu, kwao haikuwako. Ataka kunirudisha kwa baba." Siku ile sikuwa na jibu. Nilitaka kwanza nifahamu maradhi hayo huingiaje katika mwili wa mtoto, na kusoma huko kukanifikisha nisikotarajia: katika namna seli zetu zinavyonakili maandiko yake.

Kunakili sisi watu wa visiwa hivi tunakujua. Siyu ilisifika zamani kwa waandishi wa misahafu, waliokaa na kalamu zao wakihamisha herufi baada ya herufi. Msomaji achukue picha hiyo, aishushe mpaka mahali padogo kuliko jicho linavyoweza kuona. Ndani ya seli za mwili mna uzi uitwao DNA, ambao wa seli moja tu ukinyooshwa hufika kiasi cha mita 2. Umesokotwa kwa nyuzi mbili, mfano wa kamba ya makumbi, na maandiko yake yote yameandikwa kwa herufi 4, ambazo wataalamu huziita A, T, G na C. A hushikana na T, na G hushikana na C. Nakala tuliyoipokea kwa baba ina herufi kiasi cha bilioni 3, na ya mama vivyo hivyo.

Seli inapotaka kugawanyika, nyuzi zile mbili hufumuliwa, na kila uzi wa zamani ukawa kielelezo cha kuandikia uzi mpya. Penye A huwekwa T, penye G huwekwa C. Upande mmoja mwandishi huenda moja kwa moja. Upande wa pili uzi umeelekea kinyume, kwa hiyo huandikwa vipande vifupi vifupi, kisha vikaungwa. Vipande hivyo viligunduliwa katika miaka ya 1960 na mume na mke wa Japani, Reiji na Tsuneko Okazaki. Mume alifariki mwaka 1975, na mke akaiendeleza kazi, jambo ambalo nimependa binti zetu walijue.

Kwa miaka mingi haya yalijulikana kwa hoja na majaribio, bila ya mtu kumwona mwandishi akiandika. Mwaka 2017 watafiti wa Chuo Kikuu cha California, Davis, walichukua vinakilishi vya bakteria, wakaitia DNA rangi inayong'aa, wakatazama kwa darubini mistari ya mwanga ikirefuka mmoja mmoja. Hawakuona mwendo wa sawasawa. Mwandishi huenda, husimama, huenda tena kwa kasi nyingine, na wa upande huu hamngojei wa upande ule. Subhanallah! Na pamoja na hayo makosa ni machache mno, kwani mwandishi akiweka herufi isiyostahili hurudi nyuma akaiondoa, na baada yake hupita wakaguzi wengine. Kosa linalobaki ni takriban moja katika herufi bilioni.

Selimundu ni mojawapo ya makosa hayo yaliyobaki. Katika maandiko ya hemoglobini, ile protini ya damu inayobeba oksijeni, mahali pamoja palipostahili A pana T. Ni herufi moja tu. Kwa ajili yake chembe nyekundu ya damu, ambayo asili yake ni duara, hujikunja mfano wa mundu, ikaziba mishipa midogo, na hapo ndipo yanapotoka maumivu na uvimbe. Kosa lenyewe halikuanza kwa mama yule, wala kwa bibi yake. Lilitokea maelfu ya miaka nyuma, na tangu hapo limekuwa likinakiliwa kwa uaminifu ule ule wa herufi nyingine.

Kwa nini halikufutika? Anthony Allison, aliyekulia Kenya, alikusanya damu za watu wa nchi hii mwaka 1949, akakuta herufi hiyo ni nyingi pwani na kandokando ya Ziwa Victoria, na haba nyanda za juu. Mwaka 1954 alieleza sababu: mwenye kuwa nayo katika nakala moja tu hukingwa sana na malaria kali. Sisi tuliozaliwa penye mbu tumeirithi kama ngao.

Mtu wa namna hiyo kwa kawaida haugui, hata hajui kama anayo. Mtoto huugua selimundu aina hii anapoipokea kwa baba na kwa mama pia. Wazazi wote wawili wakiwa nayo nakala moja moja, kila mimba ina fungu 1 katika 4 la kuzaliwa mgonjwa, na hesabu huanza upya kila mara.

Nilimwita mume. Nikamkumbusha hadithi iliyomo katika Bukhari na Muslim, ya bedui aliyemtilia mkewe shaka kwa rangi ya mtoto, na Mtume (S.A.W.) akamuuliza juu ya ngamia wake wekundu, wa kijivu alitoka wapi baina yao. Bedui mwenyewe akajibu kuwa huenda ni asili iliyomvuta. Kisha nikachukua ubao wa chuo, nikachora visanduku vinne.

Aliutazama muda mrefu. "Kwa hiyo na mimi ninayo?"

"Usingekuwa nayo, mtoto asingeugua hivi."

Hakusema tena habari ya kumrudisha mke. Aliuliza dawa. Nilimweleza niliyoyasikia kwa madaktari: penisilini kila siku utotoni, asidi ya foliki, maji mengi, na homa ikipanda asingoje asubuhi. Dada mkubwa wa mtoto hajawahi kupimwa, na mama ana mimba ya miezi mitano. Kusi ikitulia watapanda mashua kwenda Lamu wakapimwe wote. Mavyaa amesema naye atakwenda.